Mke aliyemshtaki Brigham Young na kuambiwa hakuwahi kuolewa

Aprili 2027 itatimia miaka 150 tangu mahakama ya Salt Lake City, Utah, itoe uamuzi kwamba Ann Eliza Young hastahili talaka wala matunzo, kwa kuwa ndoa anayotaka ivunjwe haikuwahi kuwepo. Mji mzima ulimjua kuwa ni mke wa mtu. Alikuwa amefungishwa ndoa kwa taratibu za kanisa lake, akachukua jina la mume, akakaa kwenye nyumba alizopangiwa na mume na kuwapikia wafanyakazi wa shamba la mume. Mume mwenyewe alikuwa Brigham Young, rais wa Kanisa la Yesu Kristo la Watakatifu wa Siku za Mwisho, ambao wengi huwaita Wamormoni. Waumini wake walimwita nabii.

Ndoa ya wake wengi iliingia katika kanisa hilo kupitia mwasisi wake, Joseph Smith, aliyeandikisha ufunuo kuhusu jambo hilo Julai 1843 huko Nauvoo, Illinois. Mwaka uliofuata aliuawa na kundi la watu wenye silaha. Brigham Young akaongoza waumini hadi bonde la Salt Lake mwaka 1847, na Agosti 1852 fundisho lililokuwa likinong'onwa likatangazwa hadharani. Wanahistoria wanakadiria kuwa Young mwenyewe alifungishwa ndoa na wanawake wapatao 55, ingawa wengine waliandikwa tu kuwa wake zake kwa ajili ya maisha ya milele na hawakuwahi kuishi naye.

Habari za Ann Eliza tunazipata hasa kwenye kitabu alichokiandika mwenyewe mwaka 1875, na kwenye wasifu wake ulioandikwa na Irving Wallace mwaka 1961. Kitabu chake ni cha mtu aliyejeruhiwa, na hamwachii mumewe jema hata moja. Lakini mambo makubwa anayoyasimulia yamo pia kwenye kumbukumbu za mahakama, na huko ndiko yanakouma zaidi.

Alizaliwa Nauvoo mwaka 1844, baba yake fundi wa magari ya kukokotwa na farasi, mama yake muumini wa kupigiwa mfano ambaye alilazimika kumpokea mke mwenza ndani ya nyumba yake. Akiwa na miaka 18 Ann Eliza aliolewa na James Dee, akazaa naye watoto wawili wa kiume, akapigwa na kutukanwa, na mwaka 1865 akapewa talaka. Aprili 1868, akiwa na miaka 23, akaolewa na Brigham Young aliyekuwa na miaka 66. Anasema hakutaka. Familia yake ilikuwa na deni na heshima ya kulinda, na kumkatalia nabii halikuwa jambo jepesi katika mji ambao kazi, ardhi na mahakama vilikuwa mikononi mwa watu wake.

Baada ya muda mfupi mjini, Young alimpeleka yeye na mama yake kwenye shamba lake la Forest Farm. Kwa zaidi ya miaka mitatu wanawake hao wawili waliamka alfajiri kukamua, kusukasuka maziwa kupata siagi, kutengeneza jibini, kuoka mikate na kuwapikia vibarua wa shamba. Siagi na jibini vilikwenda mjini kulisha familia kubwa ya bwana. Nyumba ya shamba hilo ipo hadi leo. Ilihamishwa na kutengenezwa upya katika bustani ya makumbusho inayoitwa This Is the Place, pembezoni mwa Salt Lake City, na watalii huingia kuitazama.

Baadaye alirudishwa mjini na kupewa nyumba ndogo, lakini matumizi hayakutosha. Akaanza kupangisha vyumba na kuwapikia wapangaji, baadhi yao wakiwa watu wasio wa kanisa lake, miongoni mwao wakili na mkewe. Kwa mara ya kwanza maishani akawa na watu wa kuzungumza nao ambao hawakumwogopa Brigham Young. Jiko alilokuwa nalo lilikuwa dogo mno kwa idadi hiyo ya watu, akaenda ofisini kwa mumewe kumwomba amnunulie kubwa. Mume akakataa. Nyumba nimekupa, alimjibu, jiko tafuta mwenyewe. Mwanamke huyo alikuwa amekwisha kuvumilia mengi mazito kuliko hilo, lakini anaandika kwamba ni siku hiyo ndipo alipoona hana mume.

Julai 1873 alichukua hatua kubwa. Alipakia samani zake kwenye magari, akazipeleka zikanadiwe, kisha akaenda kuchukua chumba katika hoteli ya Walker House, mali ya ndugu wafanyabiashara waliokwisha kufarakana na kanisa. Usiku ule hakulala. Alifunga mlango kwa ufunguo na kushtuka kila aliposikia hatua za mtu ukumbini. Kulipokucha, habari ilikuwa imekwisha kusambaa kwa simu ya maandishi hadi New York, na waandishi wa magazeti wakaanza kugonga mlango.

Siku chache baadaye mawakili wake wakafungua shauri la talaka. Alidai dola 1,000 kila mwezi za matunzo wakati kesi inaendelea, dola 20,000 za mawakili na dola 200,000 za kumtunza yeye na wanawe. Alieleza kuwa mumewe ana mali ya dola milioni 8 na kipato kisichopungua dola 40,000 kwa mwezi. Young akajibu kwa kiapo kuwa mali yake yote haizidi dola 600,000 na kipato chake hakizidi dola 6,000.

Ubishi wa fedha tungeuelewa, maana kila kesi ya talaka huwa nao. Lililonikaa moyoni ni sehemu nyingine ya jibu lake. Mtu ambaye kwa zaidi ya miaka 20 alikuwa amesimama mimbarini kufundisha kwamba ndoa ya wake wengi ni amri ya Mungu, aliiambia mahakama kuwa mke wake halali ni mmoja tu, Mary Ann Angell, aliyemwoa Ohio mwaka 1834. Kwa hiyo huyu mlalamikaji si mke wake machoni pa sheria. Tena akaongeza kuwa hata talaka yake ya kwanza haikuwa halali, hivyo bado ni mke wa Dee. Kanisani alikuwa mkewe hadi milele. Mbele ya hakimu alikuwa mgeni anayedai fedha.

Jaji James McKean, adui mkubwa wa mitala, aliona mwanya. Februari 1875 aliamuru Young alipe dola 500 kwa mwezi na dola 3,000 za mawakili wakati shauri likiendelea. Young hakulipa kwa wakati, na Machi 11 jaji akamtia hatiani kwa kudharau mahakama: faini ya dola 25 na siku moja gerezani. Mzee wa miaka 73, gavana wa kwanza wa Utah, akalala gerezani usiku mmoja. Siku chache tu baadaye Rais Ulysses Grant akamwondoa McKean kazini. Majaji wakabadilishana kiti, kila mmoja na amri yake, na kuna wakati Young aliwekwa kizuizini nyumbani kwake mwenyewe. Hatimaye Aprili 1877 Jaji Michael Schaeffer akafunga jalada: ndoa ya mitala ni batili tangu mwanzo, na kisichokuwepo hakivunjwi. Brigham Young akafariki Agosti mwaka huohuo.

Kwa serikali iliyokuwa ikipambana na mitala, hukumu hiyo ilikuwa na mantiki, maana mahakama isingeweza kuharamisha ndoa hizo kwa mkono mmoja na kuzigawia matunzo kwa mkono wa pili. Aliyelipia mantiki hiyo ni mwanamke. Sheria ya kupiga marufuku mitala, iliyotungwa mwaka 1862 ili kumwokoa, ndiyo iliyompa mumewe njia ya kutokea. Wasomaji wa Tanzania na Kenya wataliona hili haraka, kwa kuwa sheria zetu za ndoa, ile ya Tanzania ya mwaka 1971 na ile ya Kenya ya mwaka 2014, zinaitambua ndoa ya wake wengi. Mtu anaweza kuichukia mitala, na wapo wengi wenye sababu nzito, lakini mke wa pili wa Morogoro anayekwenda kudai talaka haanzi kwa kuthibitisha kwamba yeye ni mke.

Wakati kesi ikisuasua, Ann Eliza hakukaa kimya. Usiku mmoja wa Novemba 1873 alitolewa mjini kwa siri, akapanda treni kituo cha mbali na kwenda Denver. Kutoka hapo akazunguka Marekani akihutubia kumbi zilizojaa. Aprili 1874 alizungumza Washington, na Juni mwaka huo Bunge likapitisha Sheria ya Poland, iliyozipokonya mahakama zilizoongozwa na Wamormoni mamlaka juu ya kesi za jinai na madai. Fanny Stenhouse, mwanamke mwingine aliyelihama kanisa hilo pamoja na mumewe, alitoa kitabu chake mwaka huohuo.

Haki inataka isemwe pia kwamba wanawake wengi wa Utah hawakumuunga mkono. Januari 1870 maelfu yao walikusanyika Salt Lake City kuitetea ndoa yao, na mwezi uliofuata wakapewa haki ya kupiga kura, miaka 50 kabla ya wanawake wote wa Marekani kuhakikishiwa haki hiyo kikatiba. Wala mlango wa kutoka haukuwa umefungwa kabisa: Brigham Young mwenyewe alitoa hati zaidi ya 1,600 za kutengua ndoa, nyingi kwa wanawake walioomba. Hati hizo, hata hivyo, zilitegemea hisani ya uongozi. Aliyemkosea nabii hakuwa na pengine pa kwenda.

Mwaka 1886 Bunge la Marekani lilitenga fedha kujenga makao ya kuwapokea wanawake waliokimbia mitala. Jengo kubwa likasimama Salt Lake City, likiwa na vyumba vya kulala na vya kufundishia kazi. Waliokuja ni wachache mno, na mwaka 1893 likafungwa. Waliolijenga waliwaza habari za mateka wanaosubiri kufunguliwa, kumbe mwanamke anayetoka kwenye ndoa hizo alikuwa anaacha mama, dada, wake wenza waliomlelea watoto, na kanisa lililokuwa maisha yake yote. Kitanda cha serikali hakikujaza pengo hilo. Mwaka mmoja baada ya fedha hizo kutengwa, sheria nyingine dhidi ya mitala iliwanyang'anya wanawake wote wa Utah kura zao, waliokuwa kwenye mitala na wasiokuwa.

Mwaka 1890 kanisa likatangaza kuachana na ndoa hizo, na leo muumini anayeoa mke wa pili hutengwa, kanuni inayofuatwa hata huku kwetu ambako kanisa hilo lilizindua hekalu Nairobi mwaka 2025. Waliokataa tangazo lile walijitenga na kuunda madhehebu yao. Wengi wao walikwenda Short Creek, kijiji kilichopo mpakani mwa Utah na Arizona. Julai 26, 1953 polisi wa Arizona walikivamia na kuchukua watoto wengi, wengine wakakaa miaka miwili kabla ya kurudishwa. Akina mama waliokuwa wakifikiria kuondoka walijifunza siku ile kuiogopa serikali kuliko waume zao.

Nyumba za Short Creek zilikuwa mali ya mfuko wa dhehebu, hivyo anayeondoka hana hata bati la kuchukua. Carolyn Jessop alitoroka usiku wa Aprili 2003 na watoto wanane, mmoja wao mlemavu asiyeweza kutembea. Elissa Wall, aliyeozeshwa binamu yake akiwa na miaka 14, alisimama kizimbani mwaka 2007 kutoa ushahidi dhidi ya kiongozi wa dhehebu, Warren Jeffs. Hukumu ile ilitenguliwa baadaye, lakini Jeffs sasa anatumikia kifungo cha maisha na miaka 20 alichohukumiwa Texas mwaka 2011 kwa kuwanajisi watoto. Mwaka 2017 Hildale, upande wa Utah wa mji huo, ulimchagua Donia Jessop kuwa meya, mwanamke wa kwanza kushika nafasi hiyo na yeye mwenyewe alikuwa amelihama dhehebu hilo.

Ann Eliza hakuyaona hayo ya Short Creek. Aliolewa tena mwaka 1883, ndoa hiyo nayo ikavunjika, akachapisha upya simulizi yake mwaka 1908, kisha akapotea machoni pa watu. Alifariki Sparks, Nevada, Desemba 7, 1917. Nyumba alizoishi Brigham Young zinatunzwa vizuri katikati ya Salt Lake City, na itakuwa aibu mgeni akizitembelea, pamoja na ile ya shamba, bila kuambiwa kuhusu mwanamke aliyefanya kazi katika shamba hilo na kuthubutu kudai haki yake.

Mwaka 2020 Utah ilipunguza adhabu ya mitala kwa watu wazima walioridhiana hadi kuwa kosa dogo lisilo na kifungo, kwa hoja kwamba wanawake wanaonyanyaswa wasiogope tena kwenda polisi. Hoja hiyo ni ya kweli na imechelewa sana. Lakini sheria hiyo haikuwafikisha mahakamani kudai mali walizochuma. Katiba ya jimbo bado inapiga marufuku ndoa hizo, na mke wa pili anayeondoka leo akitaka talaka ataambiwa alichoambiwa Ann Eliza mwaka 1877. Kama wabunge wa Utah watataka kuuadhimisha mwaka wa 150 wa hukumu hiyo, waanzie hapo.