Katlesi za Kaa za Chesapeake Zilianzia kwa Wachambuaji

Kaa wa bluu wa Ghuba ya Chesapeake huogelea kwa miguu yake miwili ya nyuma iliyo mipana. Misuli inayoisukuma miguu hiyo ndiyo mnofu mnene kuliko wote mwilini mwake, mweupe na mtamu. Kuutoa mzima, bila kipande cha gamba, kunataka kisu kifupi na mkono uliozoea. Ndiyo maana nashikilia kwamba historia ya katlesi za kaa zinazokaangwa majumbani huko Maryland, Marekani, inaanzia kwenye meza za kuchambulia kaa.

Wenyeji wa ghuba hiyo walikula kaa karne nyingi kabla ya Waingereza kufika. Walowezi nao walikuja na mazoea ya kuchanganya nyama iliyokatwakatwa na chenga za mkate, kisha kuikaanga. Lakini kaa akifa huoza upesi, kwa hiyo kwa muda mrefu alibaki chakula cha watu wa pwani.

Reli ilifika Crisfield, mji wa pwani wa Maryland, mwaka 1866. Mwanzoni ilisafirisha chaza. Chaza walipovuliwa kupita kiasi na kuanza kuadimika, wafanyabiashara wakawageukia kaa: wakachemshwa, wakachambuliwa, na mnofu ukapelekwa mijini ndani ya makopo yaliyozungushiwa barafu. Hapo ndipo mama wa nyumbani wa Baltimore alipoweza kupika katlesi bila kushika gando hata moja.

Wengi wa waliochambua walikuwa wanawake Weusi, wakilipwa kwa kadiri ya mnofu waliotoa. Mwaka 1938 waajiri wa Crisfield walipopunguza malipo hayo, mamia yao waligoma, wakashikilia kwa wiki kadhaa mpaka malipo ya awali yakarudishwa. Mwaka uliofuata, kitabu cha mapishi cha Maonyesho ya Dunia ya New York, kilichoandikwa na Crosby Gaige, kilizitaja katlesi hizo kwa jina la Baltimore. Wanawake wa Crisfield wanastahili kutajwa kwenye habari hiyohiyo.

Mwaka huohuo wa 1939, Gustav Brunn, Myahudi aliyeikimbia Ujerumani baada ya kufungwa kambini Buchenwald, alianzisha biashara ya viungo Baltimore. Mchanganyiko wake wenye chumvi ya seleri, pilipili na paprika uliitwa Old Bay, jina la kampuni ya meli za abiria za ghuba hiyo. Leo ni vigumu kukuta jiko la Maryland lisilokuwa nao.

Katika kupika, heshima kwa mchambuaji ni kutouvunja mnofu alioutoa. Kwa ratili moja, yaani kama gramu 450, yai moja, vijiko viwili vya mayonezi, haradali kidogo, Old Bay na konzi ya biskuti za chumvi zilizopondwa vinatosha. Koroga hivyo kwanza, kisha ingiza mnofu na uugeuze taratibu kwa vidole. Fanya madonge, uyaweke kwenye friji kwa saa moja. Biskuti zitafyonza maji na katlesi hazitapasuka. Kaanga kwa siagi na mafuta, moto wa wastani, kama dakika nne kila upande. Anayejaza mkate mwingi anauza mkate.

Tangu mwishoni mwa karne ya 20, kazi ya kuchambua imeshikwa zaidi na wanawake kutoka Mexico wanaokuja kwa viza za msimu. Mwaka 2018 viza hizo zilitolewa kwa bahati nasibu, na baadhi ya viwanda vya kuchambua kaa vya Hoopers Island, Maryland, vikakosa wafanyakazi. Kaa wenyewe walipungua: hesabu ya mwaka 2022 ilikadiria milioni 227 katika ghuba nzima, idadi ndogo kuliko zote tangu hesabu hizo zianze. Makopo mengi madukani sasa yana kaa wa Asia, na tangu 2012 jimbo la Maryland lina mpango uitwao True Blue wa kutambulisha mikahawa inayopika kaa wa huko.