Mtawa Alikuwa na Pesa: Mawe Yalivyowaumbua Wasomi

Hebu fikiria hivi. Miaka 1,000 kutoka sasa, mtafiti fulani anataka kujua tulivyoishi bwenini. Anapata karatasi moja tu: sheria za shule. Simu marufuku. Chakula cha nje marufuku. Taa zizimwe saa nne usiku. Anaisoma, anafurahi, halafu anaandika kitabu kizima kwamba wanafunzi wa Kenya walikuwa watu watulivu, hawakuwa na simu na walilala mapema. Wewe uliyelala kwa hilo bweni ungecheka mpaka ulie. Hiyo sheria ya simu iliandikwa kwa sababu simu zilikuwa zimejaa kwenye masanduku!

Sasa, kosa la aina hiyo ndilo wasomi wengi wa Ulaya walifanya kwa karibu miaka 100 kuhusu watawa wa kwanza wa Kibudha kule India. Na usiseme "hiyo inanihusu nini", ngoja kidogo.

Ukisikia mtawa wa Kibudha unaona nini kichwani? Kichwa kimenyolewa, vazi moja, bakuli la kuombea chakula. Hana pesa, hana nyumba, amewaacha wazazi na dunia yote. Hiyo picha ilijengwa na vitabu. Mwaka 1881, T. W. Rhys Davids, Mwingereza aliyewahi kuwa afisa wa serikali ya kikoloni kule Ceylon, ambayo leo ni Sri Lanka, alianzisha chama cha kuchapisha maandiko ya Kipali. Karibu wakati huohuo, Mjerumani Hermann Oldenberg alikuwa akichapisha Vinaya, yaani sheria za watawa. Kazi yao ilikuwa safi, na bado inatumika. Shida ilikuwa namna ya kuisoma. Kitabu kikisema mtawa asipokee dhahabu na fedha, msomi anaandika kwamba watawa hawakuwa na dhahabu wala fedha. Karatasi ya sheria za bweni, tena.

Kumbe ushahidi mwingine ulikuwa nje, juani, mbele ya macho yao. Mwaka 1851 Alexander Cunningham, mhandisi wa jeshi, alifungua stupa za Sanchi akiwa na mwenzake. Stupa ni vile vilima vya mviringo vya matofali na mawe vinavyohifadhi masalio ya Budha au watawa wakubwa. Mwaka 1873 akakuta mabaki ya stupa nyingine, Bharhut. Kwenye nguzo na uzio kuna mistari mifupi iliyochongwa: zawadi ya fulani, zawadi ya fulani. Na kati ya hao waliotoa, wengi ni watawa, wanaume kwa wanawake.

Sasa niambie, mtu asiye na kitu anachanga na nini? Wengine walijibu haraka kwamba ni lazima waliomba hizo pesa kwa watu. Wengine wakasema dini ilikuwa imeanza kuharibika. Yaani jiwe likipinga kitabu, jiwe ndilo lenye makosa.

Aliyekataa hiyo hesabu ni Mmarekani mmoja, Gregory Schopen. Mwaka 1991 alichapisha makala iliyowakasirisha baadhi ya watu na kuwafurahisha wengine. Alisema tabia hiyo haikutoka India, ilitoka kwa wasomi wenyewe. Walikulia katika fikra za Kiprotestanti, ambazo zinasema dini ya kweli iko ndani ya kitabu, na mambo ya masalio, sanamu na makaburi ni uchafu ulioongezwa na watu baadaye. Wakaibeba hiyo miwani hadi India na kumwangalia nayo mtawa ambaye hakuwahi kusikia jina Luther.

Ukivua hiyo miwani, unakutana na watu. Kama Bala.

Bala alikuwa mtawa. Huko Sarnath, mahali ambapo Wabudha wanasema Budha alihubiri mara ya kwanza, alisimamisha sanamu kubwa ya jiwe, pamoja na mwavuli wake wa jiwe. Ilichongwa kwa jiwe la Mathura, mamia ya kilomita kutoka hapo. Maandishi yake yanasema ni mwaka wa 3 wa mfalme Kanishka, na wengi wanaukadiria kuwa karibu mwaka 130 BK. Huyu hakuwa mtu wa kijijini asiyejua dini. Jiwe linamtaja kama mtu anayeijua Tripitaka, yaani makusanyo yote matatu ya maandiko. Na thawabu za zawadi hiyo anazielekeza kwa nani? Anawataja walimu wake, wenzake, wanafunzi wake, viumbe wote. Lakini kabla ya hao anawataja wazazi wake.

Soma tena. Mtawa, msomi, ambaye vitabu vyetu vilisema amekata kamba zote za familia, alipata nafasi ya kuchonga maneno machache kwenye jiwe la bei ghali, na akawakumbuka mathe na buda.

Na hakuwa peke yake. Kwenye jiwe hilohilo ametajwa mtawa wa kike, Buddhamitra, naye mjuzi wa Tripitaka. Mwaka mmoja kabla ya hapo, Buddhamitra alikuwa amesimamisha sanamu yake mwenyewe kule Kosambi. Mwanamke, msomi wa maandiko, mwenye uwezo wa kugharamia sanamu, karibu miaka 1,900 iliyopita. Ungesoma karatasi ya sheria peke yake, huyu dada usingemjua.

Hata vitabu, ukivisoma vizuri, vinapiga stori tofauti. Mwaka 1931, karibu na Gilgit, kaskazini mwa nchi ambayo leo ni Pakistan, wenyeji walifukua maandishi ya kale yaliyokuwa yamefichwa kwenye jengo la zamani. Ndani yake kulikuwa na Vinaya nyingine, ya madhehebu ya Mulasarvastivada. Hapo kuna kisa cha mtawa Upananda, aliyekufa akaacha dhahabu nyingi. Watu wa mfalme wanakuja kufunga chumba chake kwa muhuri. Watawa wanaidai mali na wanaipata. Halafu watawa wa miji mingine wanasikia, nao wanafika kudai fungu lao. Ikabidi sheria itungwe ya nani anastahili kugawiwa. Matanga ya aina hii unayajua, sivyo?

Kitabu hichohicho kinaruhusu pesa za kutunzia monasteri zikopeshwe kwa riba: rehani ya thamani mara mbili, mkataba, mashahidi. Hao walikuwa wanaendesha taasisi, bana.

Tukija Mahayana, ambayo maana yake ni "Gari Kubwa", hapo pia kulikuwa na stori tamu. Ilisemekana kwamba waumini wa kawaida walichoshwa na watawa walioshiba, wakaanzisha harakati yao. Wananchi dhidi ya wakubwa. Msomi wa Kijapani Akira Hirakawa aliitetea kwa nguvu. Lakini Jan Nattier, katika kitabu chake cha 2003, alichunguza moja ya sutra za zamani za Mahayana akakuta jambo lingine: njia ngumu ya wachache, inayomsukuma hata mwenye familia atamani kuacha nyumba na kuwa mtawa. Na Yijing, mtawa wa Kichina aliyesafiri hadi India katika karne ya 7, aliandika kwamba pande zote mbili zilifuata sheria zilezile za utawa.

Cha kushangaza zaidi ni kwamba kabla karne ya 2 haijaisha, sutra za Mahayana zilikuwa tayari zinatafsiriwa China. Lakini mawe ya India ya wakati huo yako karibu kimya juu yake. Kuna kitako cha sanamu kilichopatikana karibu na Mathura mwaka 1977, chenye jina la Budha Amitabha, cha karne hiyohiyo. Baada ya hapo, kwa muda mrefu, unatafuta sana ndipo upate kitu. Ukisoma vitabu pekee utadhani Gari Kubwa lilijaza kila barabara ya India.

Lakini pia tusimfanye Schopen malaika. Wengine wamemuuliza maswali ya haki: hiyo Vinaya ya Gilgit ni ya lini hasa, na inawakilisha watawa wangapi? Na jiwe nalo lina ujanja wake. Nani huchonga aibu yake kwenye sanamu kubwa? Mtu huchonga anachotaka akumbukwe nacho. Kwa hiyo jiwe nalo lihojiwe, kama kitabu.

Ila usikimbilie kusema, "Aah, kumbe watawa walikuwa wanafiki." Ukisema hivyo umevaa miwani ileile, unampima Bala kwa picha ambayo huenda yeye hakuijua kabisa. Kwake, kuwa mtawa, kusoma maandiko yote, kuwa na mali na kuwapelekea wazazi thawabu vilikaa pamoja bila shida.

Na hapo ndipo inatuhusu. Watu wengi wa mabara yetu wameandikwa hivyo: mgeni anafika na picha ya jinsi dini au mila "halisi" inavyopaswa kuwa, halafu wenyeji wakiishi tofauti na picha, anasema wameharibika. Siku nyingine ukisikia mtu akisema "dini yao inasema hivi", muulize swali moja tu: sawa, na wao wenyewe walifanya nini?

Bala alijibu kwa jiwe, na bado liko Sarnath.