Imbuga, Francis (1947–2012)

Mwandishi wa tamthilia, mwigizaji na mhakiki wa fasihi kutoka Kenya. Miaka ya 1970 aliandika na kuigiza michezo ya televisheni ya Voice of Kenya. Baadaye alifundisha Chuo Kikuu cha Kenyatta.

Kazi yake kuu ni Betrayal in the City (1976), iliyotafsiriwa kwa jina la Usaliti Mjini. Wafungwa wanafanya mazoezi ya mchezo wa kumpokea kiongozi mgeni. Mtawala mwenyewe anaingia kuigiza, na bunduki za jukwaani zinamgeukia. Mhakiki ndani ya Imbuga alijua kusema makubwa bila kumtaja mtu. Tamthilia hiyo iliiwakilisha Kenya katika tamasha la FESTAC, Lagos, 1977.