Herufi Zisizotamkwa



Juma lililopita, hapa Cyangugu, mwanafunzi mmoja alikutana na neno adimu la Kiingereza, "victuals", lenye maana ya vyakula. Alilisoma akitamka kila herufi. Nilipomsahihisha kwamba hutamkwa "vitolz", wenzake wakaangua kicheko, naye hakufungua kinywa tena siku hiyo.

Historia inamtetea. Baada ya Wanormani kuiteka Uingereza mwaka 1066, maneno mengi ya Kifaransa yaliingia katika Kiingereza, likiwemo "vitaille". Karne kadhaa baadaye, wasomi waliokienzi Kilatini walipachika herufi "c" ili kukumbusha asili yake, "victualia". Vivyo hivyo "dette", yaani deni, lilipewa "b" ya "debitum", likawa "debt". Kalamu ilibadilika, vinywa vya watu havikubadilika.

Jambo hili si geni kwetu. Wabelgiji waliandika "Shangugu". Sisi twaandika "Cyangugu". Mswahili akitusikia angeandika "Changugu". Maandishi matatu, mji mmoja.

Kwa hiyo, mwenzenu hakuwa mjinga. Aliyaamini maandishi, kama Kiswahili kinavyomzoeza. Nchi yetu ina lugha rasmi nne: Kinyarwanda, Kifaransa, Kiingereza na, tangu mwaka 2017, Kiswahili. Hakuna azaliwaye akizijua zote. Anayechekwa leo darasani, kesho ataogopa kusimama mkutanoni kuidai haki yake. Tusahihishane, tusichekane.