Usiku wa 602: Hadithi Inayojisimulia na Hatima ya Shahrazad

Miongoni mwa nadharia zihusuzo wakati katika masimulizi, ile ya hadithi inayojisimulia inahusishwa mno na Jorge Luis Borges wa Argentina. Katika insha iliyomo kitabuni mwake cha 1952, Borges alidai kwamba usiku wa 602 wa Alfu Lela U Lela, Shahrazad anamsimulia mfalme kisa cha mfalme mwenyewe. Akikiendeleza, kitaufikia usiku uo huo na kuanza upya, bila kikomo.

Historia ya matini haiungi mkono dai hilo. Hati kongwe aliyoihariri Muhsin Mahdi mwaka 1984 inakomea usiku wa 282. Katika chapa ya Kalkuta ya 1839–1842, usiku wa 602 umo katikati ya visa vya hila za wanawake. Duara hilo, basi, ni ubunifu wa Borges.

Fauka ya hayo, Shahrazad anasimulia ili asiuawe. Katika chapa hiyo, kufikia mwisho amezaa wana watatu, na mfalme anamsamehe. Duara lingemnyima wana na msamaha pia.

Kwa hiyo mhakiki hana budi kutofautisha mambo mawili. Mzingile (1991) ya Euphrase Kezilahabi huishia katika mwanzo mpya baada ya maangamizi. Huko ni kurejea kunakobadilisha. Hadithi inayojimeza haibadilishi chochote. Kuziita zote mbili duara ni kuufuta wakati ambao Shahrazad aliupigania usiku baada ya usiku.