Upana wa Corolla: Vipimo vya Gari la Familia la Kijapani, 1966–2019

Toyota Corolla, iliyoingia sokoni nchini Japani mwishoni mwa mwaka 1966, ilikuwa imefikia kizazi cha kumi na mbili ilipofika mwaka 2019, na katika kila kizazi vipimo vya bodi yake viliguswa upya. Vipimo vinavyohusika ni vinne: urefu, unaopimwa kutoka bampa ya mbele hadi ya nyuma, upana, unaopimwa bila kuhesabu vioo vya pembeni, kimo, yaani kutoka ardhini hadi paani, na umbali wa ekseli, yaani nafasi iliyopo kati ya ekseli ya magurudumu ya mbele na ile ya magurudumu ya nyuma, ambayo kwa kiasi kikubwa ndiyo huamua abiria atanyoosha miguu kiasi gani. Watu wengi hutazama urefu wanapotaka kujua gari limekua kwa kadiri gani, lakini kwa Corolla kipimo chenye kisa kirefu zaidi ni upana, kwa sababu ndicho pekee kilichogota kwenye ukuta wa sheria.

Ukuta huo uliwekwa mwaka 1960. Kwa mujibu wa kanuni za Japani za wakati huo, ambazo hazijabadilishwa hadi sasa, gari la abiria huhesabiwa kuwa dogo iwapo urefu wake hauzidi mita 4.7, upana hauzidi mita 1.7, kimo hakizidi mita 2 na injini ya petroli haizidi cc 2,000. Gari linalovuka hata kimoja cha vipimo hivyo huhamia kwenye daraja la magari ya kawaida, na tofauti hiyo husomeka barabarani, kwa kuwa namba ya daraja iliyoandikwa kwenye kibao cha gari dogo huanza kwa 5 au 7, na ya gari la kawaida huanza kwa 3. Hadi mwaka 1989 tofauti hiyo haikuwa ya kibao peke yake: mwenye gari la daraja la 3 alilipa kodi ya mwaka iliyo kubwa mno kuliko ya jirani yake wa daraja la 5, hata kama injini zao zililingana, mradi bodi ya gari lake ilivuka kikomo.

Corolla ya kwanza ilikuwa mbali na kikomo hicho. Urefu wake ulikuwa milimita 3,845, upana 1,485, kimo 1,380, na umbali wa ekseli 2,285. Aliyeongoza usanifu wake alikuwa Tatsuo Hasegawa, mhandisi aliyeanzia kazi kwenye usanifu wa ndege kabla ya vita kumalizika na Japani kupigwa marufuku kuunda ndege. Aliamini kwamba gari la watu wengi halina budi kupata alama nzuri katika kila idara badala ya kung'ara katika idara moja na kuanguka katika nyingine. Ili kuelewa gari hilo lilikuwa jembamba kiasi gani, inatosha kulilinganisha na kei, yaani magari mepesi ya Kijapani yenye injini isiyozidi cc 660, ambayo ndiyo daraja la chini kabisa kisheria. Kikomo cha upana wa kei tangu mwaka 1998 ni milimita 1,480. Gari ambalo mwaka 1966 lilitangazwa kuwa la familia nzima limeizidi kei ya leo kwa milimita 5, ambazo ni kama unene wa sarafu mbili au tatu zilizopangwa pamoja.

Mpinzani wa Corolla alikuwa Datsun Sunny ya kampuni ya Nissan, iliyotangulia sokoni kwa miezi michache ikiwa na injini ya cc 1,000, na Toyota ikajitapa kwa kuwapa wanunuzi cc 100 za ziada. Nissan ilijibu mwanzoni mwa mwaka 1970 kwa Sunny mpya ya cc 1,200 na tangazo lililodai kwamba ukiwa nayo, gari la jirani huonekana dogo. Kwa hiyo ukubwa ulikuwa umekwisha kuwa suala la heshima mtaani, na si suala la nafasi ya kukaa tu, pale Corolla ya kizazi cha pili ilipotoka Mei mwaka huo ikiwa imeongezeka urefu kwa milimita 100 na umbali wa ekseli kwa milimita 50.

Hatua iliyofuata, ya mwaka 1974, haisifiwi sana na wapenzi wa magari, lakini kwa upande wa upana ndiyo kubwa kuliko zote katika historia ya gari hili la soko la Japani: kutoka milimita 1,505 hadi 1,570, yaani milimita 65 kwa mkupuo mmoja, ilhali urefu uliongezeka kwa 50 tu na kufikia 3,995. Kizazi cha nne, cha mwaka 1979, kilivuka mita nne kwa urefu na kufikia upana wa milimita 1,610. Katika miaka hiyo magari yaliyopelekwa Marekani yalikuwa marefu kuliko ya nyumbani, si kwa sababu Wamarekani walipewa nafasi zaidi ndani, bali kwa sababu sheria za huko zilitaka bampa inayostahimili kugongwa kwa mwendo wa polepole bila gari kuharibika, na bampa za namna hiyo hutokeza mbele na nyuma kama midomo. Urefu wa gari, basi, unaweza kuongezeka bila abiria kupata hata inchi moja.

Mwaka 1983 ulileta badiliko ambalo haliwezi kuonekana kwa kusoma urefu peke yake. Hadi kizazi cha nne Corolla iliendeshwa na magurudumu ya nyuma: injini ililala kwa kufuata urefu wa gari, giaboksi ikakaa nyuma yake, na propela shafti, yaani chuma kirefu kinachozunguka ili kupeleka nguvu nyuma, ikapita chini ya sakafu katikati ya abiria. Shafti hiyo ilidai nundu kubwa sakafuni, na aliyekaa katikati ya kiti cha nyuma alilazimika kuitagaa au kuweka miguu upande mmoja na kumsonga mwenzake. Katika kizazi cha tano injini iligeuzwa ikakingama, giaboksi ikawekwa ubavuni mwake, na nguvu ikaenda kwenye magurudumu ya mbele. Sehemu ya injini ikafupika na propela shafti ikaondoka, hivyo chumba cha abiria kikapata nafasi ambayo haikutokana na kurefusha gari. Urefu ulikuwa milimita 4,135 na umbali wa ekseli 2,430, yaani ongezeko la milimita 30 tu kwa kipimo hiki cha pili, lakini aliyekaa nyuma alipata zaidi ya alichoahidiwa na tarakimu. Matoleo machache ya michezo yaliachwa na mpangilio wa zamani, na yakapata umaarufu wake wa pekee, ila hayo si magari ya familia.

Vizazi viwili vilivyofuata vilitengenezwa katika kipindi ambacho uchumi wa Japani ulivimba kama puto. Mwaka 1990 Corolla zilizouzwa nchini humo zilizidi 300,000, na iliyotolewa Juni 1991 ilijengwa kwa nia ya kumpa mtu wa kawaida ladha ya gari la tajiri: urefu milimita 4,270, upana 1,685, umbali wa ekseli 2,465. Puto lilikuwa limeshaanza kupasuka gari hilo lilipofika madukani. Mwaka 1995 toleo lililofuata likawa zao la kubana matumizi, likaongezewa milimita 15 za urefu na 5 za upana, na umbali wa ekseli haukuguswa kabisa. Kimo nacho, tangu mwaka 1966 hadi wakati huo, kilikuwa kikizungukazunguka karibu na milimita 1,380, kana kwamba kilichowarefusha Wajapani katika miaka hiyo thelathini hakikuwahusu wasanifu wa paa.

Ni gari la Agosti 2000, kizazi cha tisa, lililovunja mazoea hayo, na kwa haki ndilo linalostahili kuitwa mwanzo wa Corolla ya kisasa kuliko lile la 1991 linalopendwa zaidi. Kimo kilipanda kwa mara moja hadi milimita 1,470, na umbali wa ekseli ukaruka kutoka 2,465 hadi 2,600, yaani milimita 135, wakati urefu wote uliongezeka kwa 80 tu. Maana yake ni kwamba magurudumu yalisukumwa kuelekea pembe za gari, na paa lilipoinuliwa viti vikaweza kuinuliwa pia, mtu akaingia kwa kukaa badala ya kujitumbukiza. Upana ulikuwa milimita 1,695. Hapo ndipo ukuta ulipofikiwa, zikiwa zimebaki milimita 5.

Hesabu yenyewe inajieleza: katika miaka 25 ya mwanzo, kutoka 1966 hadi 1991, upana uliongezeka kwa milimita 200, katika miaka 28 iliyofuata uliongezeka kwa milimita 10. Jambo la kushangaza ni kwamba adhabu ya kodi ilikuwa imeondolewa mwaka 1989, kodi ya mwaka ilipoanza kupimwa kwa ujazo wa injini bila kujali bodi, na magari mengine ya Japani yakaanza kunenepa bila woga. Corolla haikuyafuata. Wateja wake nyumbani walikuwa wakizeeka pamoja nayo, vichochoro vya makazi yao vilikuwa vilevile, na sheria ya mwaka 1962 ilikwisha kuwataka wenye magari wathibitishe kuwa wana mahali pa kuyaegesha, ambapo kwa wengi ni kipande cha ardhi kilichopimwa kwa gari la namba 5. Sheria ilikuwa imelegea, lakini mji uliojengwa chini yake ulibaki.

Nchi nyingine hazikuwa na kizuizi hicho, na mwaka 2006 jina moja likagawanyika katika bodi mbili. Ya Japani, iliyopewa jina la Corolla Axio, ilibaki na upana wa 1,695 na urefu wa 4,410. Ya masoko ya nje ilikuwa na upana wa 1,760 na urefu wa 4,540. Mwaka 2012 Axio ilihamishiwa kwenye msingi wa magari madogo zaidi ya Toyota, jamii ya Vitz, na urefu wake ukapunguzwa hadi 4,360, ilhali Corolla ya nje iliyotoka mwaka uliofuata ilifikia milimita 4,620. Ni Septemba 2019 tu ndipo Corolla ya saluni iliyouzwa Japani ilipovuka mita 1.7: milimita 1,745, zikiwa pungufu kwa 35 kuliko dada yake wa nje, na kwenye kibao chake ikaandikwa namba inayoanza kwa 3. Hata hivyo Axio na Fielder, gari la familia lenye buti refu la mizigo, ziliendelea kuuzwa kando yake kwa wale walioihitaji namba 5.

Afrika Mashariki iliyapokea magari hayo hasa yakiwa yamekwisha kutumika, kwa kuwa usukani wake uko kulia kama sheria za barabara za Kenya, Uganda na Tanzania zinavyotaka. Kwa sababu hiyo vizazi vyake hutambuliwa hapa kwa alama za kiwandani badala ya mwaka: la 1995 huitwa 110, na la 2000 Wakenya hulijua kwa jina la NZE, ambapo NZ ni jamii ya injini na E ni herufi ya Corolla. Kwa hiyo bodi iliyoenea Nairobi na Dar es Salaam ni ile nyembamba ya nyumbani Japani, na abiria watatu wazima wanaobanana kwenye kiti cha nyuma cha Axio inayofanya kazi ya teksi wanagawana milimita 1,695, ukitoa unene wa milango. Kikomo kilichoamua kipimo hicho kiliandikwa miaka sita kabla Corolla ya kwanza haijauzwa.