Msumeno Jukwaani: Historia ya Mazingaombwe ya Kumkata Mtu Vipande Viwili

Mazingaombwe ya jukwaani, yaani sanaa ya kuwaonyesha watazamaji jambo lisilowezekana kwa ufundi uliofichwa, yalichukua sura mpya tarehe 17 Januari 1921, pale Percy Thomas Tibbles, aliyejulikana kwa jina la P. T. Selbit, alipomkata mwanamke kwa msumeno katika ukumbi wa Finsbury Park Empire jijini London. Msaidizi wake alifungwa kamba shingoni, mikononi na miguuni, akalazwa ndani ya sanduku la mbao, na ncha za kamba zikapitishwa matunduni na kushikwa na watazamaji walioitwa jukwaani, ili wao wenyewe washuhudie kwamba hakuwa na nafasi ya kujikunja. Msumeno ulipokwisha kupita, sanduku lilifunguliwa naye akatoka mzima. Selbit aliisambaza hofu hadi nje ya ukumbi, ambako magari ya wagonjwa yaliletwa na wafanyakazi wakamwaga ndoo za maji mekundu mferejini.

Mwaka huohuo mwanamazingaombwe Horace Goldin aliuonyesha mchezo wa namna hiyo mjini New York, na mwaka 1923 akapata hataza ya Marekani, yaani haki ya kisheria anayopewa mvumbuzi kwa sharti la kuueleza uvumbuzi wake hadharani. Sharti hilo ndilo lililomponza, kwa kuwa kampuni ya sigara ya R. J. Reynolds ilipoitoboa siri ya mchezo huo katika tangazo lake, Goldin alikwenda mahakamani akashindwa. Hata hivyo mchezo haukufa, kwani yeye mwenyewe alikwisha kuliacha sanduku na kutumia msumeno wa mviringo unaoendeshwa kwa mashine, ambao hatari yake ilionekana waziwazi zaidi.

Tarehe 9 Aprili 1956, P. C. Sorcar kutoka India aliurudia mchezo huo wa msumeno wa mviringo katika kipindi cha Panorama cha televisheni ya BBC, lakini msaidizi wake hakuamka alipoitwa, uso wake ukafunikwa kitambaa, na mtangazaji Richard Dimbleby akakifunga kipindi ghafla. Simu zikamiminika BBC kutoka kwa watu walioamini kwamba msichana ameuawa, ingawa alikuwa salama, na watazamaji wakafurika katika ukumbi alimokuwa akionyesha Sorcar. Waliopiga simu walikuwa wametazama mazingaombwe tu. Kilichowatia hofu ni kunyimwa ule mwisho ambao msaidizi husimama mzima, nao ndio unaompa mtazamaji ruhusa ya kuifurahia hatari.